Siku tano za rufaa: Goma na kifungo cha bunduki

*Katiba ya Kongo inasema haki ya kukata rufaa haifutwi hata wakati wa vita. Kwa aliyehukumiwa Goma kwa kosa la silaha, haki hiyo imebaki nzima katika maandishi, huku njia ya kuifikia ikizidi kuwa nyembamba.*

Kabla Goma haijaanguka mikononi mwa waasi wa M23 Januari 2025, hukumu iliposomwa katika mahakama yake ya kijeshi, jaji kiongozi aliongeza maneno machache kabla ya kufunga kikao: aliyehukumiwa ana siku tano za kukata rufaa. Yalikuwa maneno rahisi kupotea. Mama alikuwa ameshaanza kulia, ndugu wakiulizana ni miaka mingapi, na askari wakiwapanga wafungwa tayari kuwarudisha gerezani. Kosa lilikuwa kumiliki silaha ya vita kinyume cha sheria, na idadi ya miaka ndiyo iliyobaki masikioni mwa watu.

Siku tano ni chache. Katika mahakama za kiraia za Kongo, muda wa kukata rufaa ya jinai ni siku kumi. Katika mahakama za kijeshi umekatwa nusu. Ndani ya muda huo familia ya mtaa wa Majengo au Ndosho ilitakiwa impate mwanasheria, imlipe au iombe yule wa bure kutoka chama cha mawakili, na tamko la rufaa liandikwe kwa karani. Siku zikipita, hukumu inakuwa ya mwisho, na kilichobaki ni kuitumikia.

Jambo linalogombaniwa hapa si dogo. Kesi ya bunduki ndiyo kesi ambayo mji wenye hofu unataka imalizwe upesi na kwa ukali. Ndiyo pia kesi ambayo umbali kati ya mtu mmoja na mwingine ni mkubwa mno: aliyeua kwa silaha na aliyekutwa nayo chini ya kitanda, kamanda na mtoto aliyebebeshwa. Kama kuna mahali tofauti hiyo inaweza kupimwa kwa utulivu, ni katika rufaa. Kupunguza kifungo huko si kumhurumia jambazi. Ni kuirekebisha adhabu ilingane na kitendo chenyewe.

Majaji watano, mwanasheria mmoja

Mei 6, 2021 ndipo utawala wa kijeshi, ambao wakazi wa Kivu Kaskazini na Ituri wanauita kwa jina lake la Kifaransa, état de siège, ulipoanza kufanya kazi. Rais Félix Tshisekedi aliwaondoa magavana wa kiraia na kuweka majenerali. Goma ikampata Luteni Jenerali Constant Ndima. Meya wakawa maafisa wa polisi na jeshi. Na kesi za jinai zikahamishwa kutoka mahakama za kawaida kwenda za kijeshi.

Kwa kosa la silaha, mabadiliko hayo hayakuwa mageni kabisa. Raia aliyekamatwa na silaha ya vita alikuwa akipelekwa mbele ya majaji wenye sare hata kabla ya 2021. Kilichobadilika ni msongamano. Mahakama zilezile, zenye majaji walewale wachache, zikabebeshwa pia wezi wa kuku, magomvi ya viwanja na madeni yaliyogeuzwa jinai. Mei 2022 Amnesty International ilitoa ripoti ikieleza jinsi mahakama hizo zilivyolemewa na jinsi washtakiwa walivyokaa mahabusu muda mrefu bila kuhukumiwa.

Halafu kuna suala la nani anakaa mezani. Sheria ya mahakama za kijeshi ya Novemba 18, 2002 inataka Mahakama ya Kijeshi ya Garrison, ngazi ya kwanza, ikae na majaji watano, na angalau mmoja wao awe hakimu wa taaluma. Wengine wanaweza kuwa maafisa wa jeshi waliotolewa vikosini kwao. Ngazi inayopokea rufaa, Mahakama ya Kijeshi ya mkoa, inatakiwa kuwa na mahakimu wa taaluma wasiopungua wawili kati ya watano.

Mtu anaweza kuiona tofauti hiyo ndogo. Mimi naiona kubwa. Katika chumba ambacho mmoja tu ndiye aliyesomea sheria, hoja kuhusu uzito wa ushahidi au kuhusu kosa moja lililohesabiwa mara mbili inamtegemea mtu mmoja aielewe na kuwashawishi wenzake wanne.

> *Kupunguza kifungo katika rufaa si kumhurumia jambazi. Ni kuirekebisha adhabu ilingane na kitendo.*

Rufaa inatazama nini

Shtaka la kumiliki silaha ya vita mara chache huja peke yake. Nyuma yake hufuata kundi zima: kuunda genge la wahalifu, wizi wa kutumia silaha, wakati mwingine kushiriki katika uasi. Uzito wa adhabu unatoka huko. Katika Kanuni ya Adhabu ya Kongo, genge la wahalifu na wizi wa silaha yote mawili yana adhabu ya kifo. Kwa hiyo bunduki moja iliyokamatwa Mugunga inaweza kuvuta shtaka la kifo hata kama hakuna risasi iliyofyatuliwa.

Hapo ndipo kazi ya wakili wa rufaa inapoanza. Genge linahitaji watu walioafikiana. Je, faili inamwonyesha nani mwingine? Wizi unahitaji aliyeibiwa, yuko wapi? Hati ya kukamata silaha iliandikwa lini, na nani, na inataja namba ya bunduki au inasema tu "silaha moja"? Mashtaka makubwa yakidondoka moja baada ya jingine na kubaki lile la kumiliki peke yake, kifungo hakiwezi kubaki pale kilipokuwa.

Kuna pia aina ya silaha. Bunduki ya kiwandani yenye magazini iliyojaa ni kitu kimoja. Gobore lililotengenezwa kijijini, kama yale ambayo wapiganaji wa Mai-Mai wamekuwa wakibeba kwa miaka, ni kitu kingine, na bado mtu anaweza kufikishwa mahakamani kwa lugha ileile ya "silaha ya vita". Umiliki wa silaha za kiraia una sheria yake tangu Septemba 3, 1985, enzi za Zaire, na wakili makini ataanza kwa kuuliza kama mteja wake alishtakiwa chini ya sheria iliyomhusu.

Umri ndio hoja nzito kuliko zote. Mahakama za kijeshi za Kongo hazina mamlaka juu ya mtu aliye chini ya miaka 18, na sheria ya ulinzi wa mtoto ya Januari 10, 2009 inampeleka mbele ya mahakama ya watoto. Lakini mtoto aliyekimbia Masisi au Rutshuru bila karatasi yoyote hana cheti cha kuzaliwa cha kuweka mezani. Anaonekana mkubwa, amekaa msituni, ana kovu. Akisema ana miaka 16, nani atamwamini katika kikao cha asubuhi moja? Rufaa inaweza kumleta mama yake, mwalimu wake, au daktari.

Baada ya hayo yote zinakuja hali za kupunguza adhabu. Ibara ya 18 ya Kanuni ya Adhabu inamruhusu jaji kubadili kifo kuwa kifungo cha maisha au cha miaka atakayoipanga, na ibara ya 19 inamlazimisha azitaje hali hizo moja moja katika hukumu yake. Kuwa mkosaji wa mara ya kwanza, kukiri, kusalimisha silaha mwenyewe, kutokuitumia, kulazimishwa: yote yanaweza kuingia. Sharti la kuyataja ni kinga pande zote mbili. Linamzuia jaji kupunguza kwa upendeleo, na linamwachia wa juu yake kitu cha kukagua.

Katika mpangilio huu Kongo ina jambo ambalo majirani wake waliotawaliwa na Mwingereza hawana. Tangu uamuzi wa 1954 wa Mahakama ya Rufaa ya Afrika Mashariki, Kenya, Uganda na Tanzania zinafuata kanuni kwamba jaji wa rufaa hagusi adhabu kwa sababu tu yeye angetoa nyingine. Lazima aone kosa la kisheria au ukali uliopita kiasi. Kongo, yenye asili ya sheria ya Kibelgiji, inaichukua kesi iliyokatiwa rufaa na kuipima upya, ushahidi na adhabu pamoja. Na ikiwa ni mshtakiwa peke yake aliyekata rufaa, hali yake haifanywi mbaya zaidi. Akikata pia mwendesha mashtaka wa kijeshi, auditeur, kifungo kinaweza kupanda.

Kwa maneno mengine, mfungwa wa Goma ana rufaa pana kuliko ya mfungwa wa Kampala au Mwanza. Anachokosa ni njia ya kuifikia.

Upande wa waliovamiwa

Haitakuwa haki kuandika haya bila kusimama mlangoni mwa waliovamiwa. Goma ya mwishoni mwa 2023 na mwaka 2024 ilikuwa mji wa kulala na hofu. Waliokuwa wakibadilisha pesa na wale wa kutuma fedha kwa simu walipigwa risasi wakifunga kazi. Waendesha pikipiki waliuawa. Kambi za wakimbizi pembezoni mwa mji zilijaa watu wenye silaha wakati waasi wa M23 walipokuwa wakikaribia mji wa Sake. Uongozi wa mji ulianzisha operesheni uliyoiita Safisha muji wa Goma, na washukiwa wakawa wanaonyeshwa hadharani pamoja na bunduki zao.

Wakazi wana lalamiko moja la miaka mingi, na lina uzito: jambazi anakamatwa leo, baada ya miezi anaonekana tena mtaani, na aliyemtaja anahama nyumba. Kwa mjane wa mtu aliyeuawa mtaa wa Katoyi, neno "rufaa" linasikika kama jina zuri la mlango wa nyuma. Ni hofu hiyo inayowafanya watu wawashe matairi na kumaliza mambo barabarani wenyewe.

Serikali nayo ilijibu kwa ukali. Machi 13, 2024 Waziri wa Sheria Rose Mutombo alitoa waraka uliomaliza usitishaji wa kunyonga uliodumu tangu 2003, akitaja usaliti pamoja na ujambazi wa mijini unaosababisha vifo. Mwanzoni mwa Januari 2025, chini ya waziri aliyemfuata, Constant Mutamba, zaidi ya vijana 100 waliohukumiwa kwa ujambazi mijini walisafirishwa kwenda gereza la Angenga, kaskazini mwa nchi, wakisubiri kunyongwa.

Naielewa hasira hiyo. Lakini mlango wa nyuma ambao wakazi wanaulalamikia si rufaa. Anayetoka baada ya miezi michache kwa kawaida hakupita mbele ya majaji watano wa Mahakama ya Kijeshi wakisikiliza pande zote hadharani. Ametoka kwa fedha, kwa simu kutoka kwa mkubwa, au kwa faili kupotea. Rufaa ni kinyume cha hayo: imeandikwa, ina sababu, na upande wa mashtaka uko pale kuipinga. Familia ya marehemu, ikiwa imejiunga na kesi kama mdai, nayo ina nafasi ya kusema.

Isitoshe, mstari kati ya silaha halali na haramu huko Kivu umefifishwa na dola yenyewe. Novemba 3, 2022 Rais aliwaita vijana wajiunge na jeshi na waunde makundi ya ulinzi dhidi ya M23. Wakaja wapiganaji waitwao Wazalendo, wakapewa risasi, wakatembea mjini na bunduki mabegani mchana kweupe. Kijana yuleyule ni mzalendo saa nne asubuhi barabarani Sake na mhalifu saa nne usiku mtaa wa Himbi, akiwa na silaha ileile na barua ileile ya kamanda asiyejulikana makao yake. Jaji anaweza kuona kwamba bado ana hatia. Hawezi kusema kwamba aliyempa bunduki hayumo katika habari hii.

> *Mstari kati ya silaha halali na haramu huko Kivu umefifishwa na dola yenyewe.*

Ambapo hakuna wa juu

Oktoba 6, 2023 Mahakama Kuu ya Kijeshi, ikikaa Kinshasa, ilimhukumu kifo Édouard Mwangachuchu, mbunge wa Masisi na mwenye kampuni ya madini ya Bisunzu. Miongoni mwa makosa yake kulikuwa na kumiliki silaha za vita kinyume cha sheria, pamoja na uhaini na kushiriki katika uasi wa M23. Alikana yote. Kwa sababu ya wadhifa wake alianzia katika mahakama ya juu kabisa ya kijeshi, na juu ya hiyo hakuna wa kupima adhabu upya. Iko Mahakama ya Kuvunja Hukumu, Cour de cassation, ambayo katiba inaipa uwezo juu ya hukumu za mwisho za kijeshi, lakini hiyo inakagua kama sheria ilifuatwa. Haiulizi kama adhabu ilimfaa mtu huyu.

Linganisha na Vital Kamerhe, aliyekuwa mkuu wa ofisi ya Rais. Hilo halikuwa shauri la bunduki, lakini kila mtu Kivu analikumbuka. Juni 2020 alihukumiwa miaka 20 kwa ubadhirifu. Mwaka mmoja baadaye rufaa ikaishusha hadi 13. Juni 2022 akaachiwa huru kabisa. Watu wengi waliona siasa katika kila hatua, na sitawabishia. Ila hatua zilikuwepo, na mwenye mawakili alizipanda zote.

Chini kabisa ya ngazi wapo waliohukumiwa na Mahakama ya Kijeshi ya Operesheni. Chombo hicho kinaundwa kufuatana na jeshi vitani, na sheria ya 2002 inasema maamuzi yake hayakatiwi rufaa. Kile cha Kivu Kaskazini kiliendesha kesi ya ubakaji wa Minova, na Mei 5, 2014 kati ya wanajeshi 39 walioshtakiwa ni wawili tu waliopatikana na hatia ya kubaka. Wanawake wa Minova hawakuwa na mahali pa kwenda baada ya hapo. Mahakama hiyohiyo, Novemba 2020, ilimfunga maisha kiongozi wa wapiganaji Ntabo Ntaberi Sheka kwa uhalifu wa Walikale. Wengi tulifurahi siku ile. Lakini utaratibu uliomfunga Sheka bila rufaa ndio uliowafungia mlango wanawake wa Minova.

Na utaratibu huo unapingana na katiba waziwazi. Ibara ya 156 inampa Rais uwezo wa kuhamishia kesi kwa wanajeshi wakati wa vita au dharura, kisha inamaliza kwa kusema haki ya rufaa haiwezi kufutwa. Ibara ya 61 inaiweka haki hiyo pamoja na uhai na marufuku ya mateso, mambo yasiyoguswa katika hali yoyote.

Majirani wamepita huku

Uganda imelipigania kwa miaka suala la raia mbele ya mahakama za kijeshi. Sheria yake ya jeshi iliruhusu raia kufikishwa mbele ya mahakama ya kijeshi akikutwa na silaha ambazo kwa kawaida ni za jeshi, na ndivyo wapinzani wengi walivyofika katika mahakama ya kijeshi ya Makindye. Novemba 2024 mwanasiasa wa upinzani Kizza Besigye alikamatwa Nairobi na kuibukia huko akishtakiwa, pamoja na mengine, kumiliki bastola. Januari 31, 2025, katika shauri la aliyekuwa mbunge Michael Kabaziguruka, Mahakama ya Juu ilisema raia hawahukumiwi na wanajeshi. Katikati ya mwaka huohuo Bunge likapitisha sheria mpya inayorudisha raia huko kwa makosa fulani, na Rais Museveni akaitia saini.

Tanzania ilichagua njia nyingine. Kumiliki silaha bila leseni ni miongoni mwa makosa ya uhujumu uchumi, na mabadiliko ya 2016 yaliweka kifungo kisichopungua miaka 20 wala kuzidi 30. Jaji wa rufaa akiona miaka 20 ni mingi kwa bunduki kuukuu ya baba, mikono yake imefungwa. Anachoweza ni kuangalia kama kesi yenyewe iliendeshwa sawasawa, na nyingi zimeanguka Mahakama ya Rufani kwa sababu ya kasoro katika kibali na hati ya Mkurugenzi wa Mashtaka. Mtu aliyestahili miaka mitano anatoka huru, au anakaa 20. Kongo bado haijafungwa hivyo, na isije ikatamani.

Baada ya Januari 27

Goma ilianguka mikononi mwa M23 Januari 27, 2025. Siku hiyo gereza la Munzenze, lililojengwa kwa ajili ya watu wapatao 350, lilivunjwa na zaidi ya wafungwa 4,000 wakatoka. Umoja wa Mataifa ulisema wanawake wasiopungua 165 walibakwa na wafungwa wanaume, na wengi wao wakafa katika moto uliofuata. Serikali ya mkoa ilihamia Beni.

Kati ya waliotoka walikuwamo waliokuwa wakisubiri rufaa zao zisikilizwe, na waliokuwa hawajahukumiwa kabisa. Kisheria aliyevunja gereza ni mtoro, hata kama alikimbia moto. Aliyehukumiwa kifo mbele ya majaji watano na hakusikilizwa tena bado ana hukumu ya kifo mgongoni, na baada ya waraka wa Machi 2024 hukumu hiyo si karatasi tupu. Aliyekuwa na hoja nzuri ya umri, au shahidi mmoja wa kumleta, sasa anajificha katika mji usio na mahakama ya dola ya kumsikiliza.

Yapo mambo yanayoweza kufanywa hata kabla ya vita kuisha. Bunge la Kinshasa linaweza kufuta maneno yanayozuia rufaa dhidi ya Mahakama za Kijeshi za Operesheni. Ni kifungu kimoja, na katiba imeshaamua upande wake. Muda wa siku tano unaweza kulinganishwa na siku kumi za raia, hasa pale ambapo anayehukumiwa ni raia. Mawakili wa Kivu Kaskazini, popote walipotawanyikia, wana nakala za hukumu na matamko ya rufaa katika mikoba na simu zao. Nakala hizo zikikusanywa sasa na kuwekwa mahali salama, jaji atakayekaa tena Goma atajua nani alikata rufaa ndani ya muda wake, na kwa hoja gani.